Kichina cha Wapi?

Katika watu wote waliowahi kuhangaika na lugha za China, ninayempenda zaidi ni Yang Xiong, mzaliwa wa Chengdu aliyefariki mwaka 18 baada ya Kristo. Historia ya enzi yake inasema alikuwa na kigugumizi, hivyo hakuwa mtu wa maneno mengi. Alikuwa mtu wa kusikiliza. Mji mkuu wakati huo ulikuwa Chang'an, jirani na Xi'an ya leo, na kila mwaka walifika pale maofisa kutoka majimboni kuleta hesabu, pamoja na askari waliopangiwa zamu ya ulinzi. Yang Xiong aliwaendea na brashi yake ya wino na kipande cha hariri iliyopakwa mafuta, akawauliza mmoja mmoja: kwenu kitu hiki mnakiitaje? Akirudi nyumbani anayahamishia majibu kwenye vibao. Kazi hiyo aliifanya kwa miaka 27. Kitabu kilichotokana nayo, Fangyan, kinaonyesha jinsi kitu kilekile kinavyobadilika jina kutoka jimbo hadi jimbo, na wataalamu wengi wanakihesabu kuwa kamusi ya kwanza ya lahaja duniani.

Swali lake bado lina kazi. Tangu nirudi kutoka Xiamen, mji wa jimbo la Fujian kusini-mashariki mwa China, nilikokwenda kusoma, watu huniuliza kama najua Kichina. Najibu ndiyo, maana naelewa wanachokusudia: ile lugha ya taarifa ya habari ya Beijing, inayofundishwa pia Dar es Salaam na Dodoma, ambayo wenyewe wanaiita Putonghua. Lakini jibu hilo linaacha nje karibu kila kitu kilichonivutia kwa miaka niliyoishi kule, na makala hii naiandika kwa ajili ya hicho kilichoachwa nje.

Kichina ni jina la ukoo mzima wa lugha. Wanaisimu wa karne iliyopita waliugawa ukoo huo katika makundi saba. Kuna Kimandarini, ambamo Putonghua imo, kilichotanda kaskazini yote na kushuka hadi kusini-magharibi. Kuna Kiwu cha Shanghai, Suzhou na jimbo la Zhejiang. Kiyue, ambacho wengi wetu tunakijua kwa jina la Kikantoni, ni cha Guangdong, Hong Kong na sehemu ya Guangxi. Kimin ni cha Fujian, Taiwan, Hainan na kona ya mashariki ya Guangdong. Kihakka kiko milimani, pale Guangdong, Fujian na Jiangxi zinapokutana. Kixiang ni cha Hunan, Kigan ni cha Jiangxi. Atlasi kubwa ya lugha za China ya mwaka 1987, iliyosimamiwa na Li Rong na wenzake, ikaongeza matatu: Kijin cha Shanxi, Kihui cha kusini mwa Anhui na Kipinghua cha Guangxi. Wapo wanaoshikilia saba, wapo wanaoshikilia kumi, na zipo lugha za vijiji vya Hunan na kaskazini mwa Guangdong ambazo mpaka leo hazijapata kundi la kuwekwa.

Kiwu peke yake kina wasemaji zaidi ya milioni 70. Sensa yetu ya mwaka 2022 ilihesabu Watanzania milioni 61.7. Kwa hiyo tunaposikia kwamba Kiwu ni "lahaja tu", tujue tunazungumzia kitu kinachobeba watu wengi kuliko nchi yetu nzima. Na tofauti zake na Putonghua haziko katika lafudhi pekee. Sisi tukisikia lahaja tunafikiria Kimvita na Kiunguja, ambapo mtu wa Mombasa akikaa barazani Zanzibar anaelewa yote, labda acheke neno moja au mawili. Mtu wa Beijing akikaa barazani Wenzhou, mji wa Kiwu, hapati kitu.

Mimi kwetu ni Rombo, na labda ndiyo maana jambo hili lilinikaa rohoni mapema. Watu wa nje husema "Kichaga" kana kwamba ni kimoja. Mrombo na Mmachame wakikutana sokoni Moshi, Kiswahili ndicho kinachowaokoa. Ule mlima ni mmoja lakini umechanwachanwa na mabonde na mito inayoshuka kutoka msituni, na kila kilima kilikaa na usemi wake. Nilipofika Fujian, jimbo ambalo zaidi ya asilimia 80 ya ardhi yake ni milima na vilima, niliambiwa msemo wao kwamba ukienda li kumi, yaani kama kilomita tano, sauti zimebadilika. Sikuhitaji kufafanuliwa.

Kaskazini ni hadithi nyingine kabisa. Kutoka Harbin kaskazini-mashariki hadi Kunming karibu na Vietnam ni zaidi ya kilomita 3,000, na ncha zote mbili zinasema Kimandarini. Watu wake wakipeana muda wa kuzoeana masikio, wanaelewana. Ukilinganisha na Zhejiang au Fujian, ambako safari ya saa moja kwa basi inatosha kumgeuza mtu kuwa mgeni, unaanza kuuliza sababu. Jibu rahisi ni tambarare: uwanda wa Mto Manjano hauna kizuizi, majeshi na misafara ilipita, na usemi ukasawazishwa kila baada ya vita. Lakini Kunming haiko kwenye tambarare. Kimandarini kilifika Yunnan na Guizhou na askari wa enzi ya Ming walioivamia Yunnan mwaka 1381, wakapewa mashamba, wakabaki. Sichuan nako, vita vya karne ya 17 viliangamiza watu wengi kiasi kwamba watawala wa Qing wakahimiza wahamiaji kutoka Hubei, Hunan na kwingineko waje kujaza ardhi. Usemi wa Chengdu wa leo umetokana kwa sehemu kubwa na wageni hao. Kaskazini-mashariki, iliyokuwa imefungwa kwa Wahan, yaani Wachina walio wengi, kwa muda mrefu, ilipofunguliwa katika karne ya 19, wakulima wenye njaa wa Shandong walivuka bahari ya Bohai kwa mamilioni. Mpaka leo mtu wa Dalian anasikika kama ndugu wa mtu wa Yantai, ng'ambo ya maji.

Hata hivyo, huko kuelewana kwa kaskazini kusikuzwe kupita kiasi. Februari 2020, korona ilipoielemea Wuhan, timu za madaktari na wauguzi zilimiminika kutoka majimbo mengine. Wuhan inasema Kimandarini cha kusini-magharibi, na kwenye ramani imepakwa rangi moja na Beijing. Lakini waliofika kutoka hospitali ya Qilu ya Shandong waligundua kwamba wagonjwa wazee hawaelewi wanachoulizwa, na wao hawaelewi wanachojibiwa. Mzee anahangaika kupumua, anaeleza anaumwa wapi, na muuguzi aliyejifunika mavazi ya kinga hashiki neno. Kwa saa 48 timu ile ikatengeneza kijitabu cha usemi wa Wuhan: maneno ya maumivu, ya choo, ya chakula, namna ya kumwita mgonjwa kwa heshima, pamoja na sauti za kusikiliza. Baadaye wanaisimu wakaungana nao kukipanua kwa lahaja nyingine za Hubei. Yang Xiong na hariri yake angefurahi kuwa kati yao.

Ramani ya kusini, kwa sehemu kubwa, ni ramani ya wakimbizi. Mwaka 311 makabila ya kaskazini yaliuteka mji mkuu Luoyang, na familia za Wahan zikakimbia kuvuka Mto Yangtze. Uasi wa An Lushan ulioanza mwaka 755 ukaleta wimbi jingine. Mwaka 1127 Wajurchen, watu wa kaskazini-mashariki, waliiteka Kaifeng, na serikali ya kifalme ya Song ikahamia Hangzhou pamoja na watumishi, wapishi, mafundi na walimu wake. Ndiyo maana Hangzhou, iliyoko katikati kabisa ya nchi ya Kiwu, ina usemi wenye ladha ya kaskazini ambayo majirani zake hawana. Kila wimbi lilikuta watu waliotangulia, likachanganyika nao au likawasukuma milimani. Na waliotangulia kabisa hawakuwa Wahan. Lugha zao zilizama, lakini zilizama zikiwa zimeacha maneno.

Sasa niende Fujian, maana huko ndiko moyo wangu uliko. Panda treni ya mwendo kasi kutoka Fuzhou kwenda Xiamen. Kwa muda usiofika saa mbili utakuwa umepita katika lugha tatu za Kimin. Fuzhou wanasema Kimin cha mashariki, ambacho maneno yanapokutana katika sentensi hubadilishana sauti mpaka mgeni anapotea. Putian wana usemi wao wenyewe, wa eneo dogo kabisa, wenye sauti kama ya "s" inayotokea pembeni mwa ulimi. Kuanzia Quanzhou hadi Xiamen ni Minnan, yaani Kimin cha kusini, ndugu wa usemi wa Taiwan. Na hapo hujaingia bara, kwenye milima ya Jian'ou na Yong'an, ambako kuna Kimin kingine ambacho mtu wa Xiamen haelewi hata kidogo. Katika maabara yetu palikuwa na vijana wa Fuzhou na wa Quanzhou, watu wa jimbo moja, na hawakuwa na namna ya kuongea ila kwa Putonghua.

Kinachoifanya Kimin kuwa hazina ni umri wake. Makundi mengine yanaweza kufuatiliwa, kwa kiasi kikubwa, hadi kwenye matamshi yaliyoandikwa katika Qieyun, kamusi ya vina iliyokamilishwa na Lu Fayan mwaka 601 baada ya yeye na wageni wanane kuketi usiku wakijadili sauti za kaskazini na za kusini. Kimin kilijitenga kabla ya hapo. Chukua sauti ya "f". Putonghua inasema fei kwa kuruka angani na fen kwa kugawa. Xiamen ni pe na pun. Katika karne ya 18 msomi Qian Daxin alithibitisha kutoka kwenye maandishi ya kale kwamba Kichina cha zamani hakikuwa na "f" kabisa. Wauza samaki wa Xiamen wanalithibitisha kila asubuhi bila kufungua kitabu.

Au chukua miisho ya maneno. Kichina cha zamani kilikuwa na silabi zilizokatika kwa p, t au k. Kaskazini karibu kote zimepotea. Kumi kwa Putonghua ni shi, silabi iliyo wazi. Kwa Kikantoni ni sap, kwa Minnan ni tsap, midomo inafunga. Shanghai imebakiza mkato mfupi kooni. Nchi ni guo kwa Putonghua, gwok kwa Kikantoni, kok kwa Minnan. Liu Zongyuan, mshairi wa enzi ya Tang aliyefariki mwaka 819, ana shairi fupi kuhusu mvuvi mzee kwenye mto wenye theluji ambalo kila mtoto wa shule China amelikariri. Vina vyake kwa Putonghua ni jue, mie, xue: vimelegea, toni, yaani mpando na mshuko wa sauti katika neno, zimetawanyika. Rafiki yangu wa maabara alinisomea kwa Minnan: tsuat, biat, suat. Kila kina kinafungwa kwa kishindo, na ule upweke wa mto unasikika namna nyingine. Nilimwomba arudie mpaka akachoka.

Aliyetangulia kulieleza jambo hili waziwazi alikuwa mtu wa Fujian. Chen Di, mzaliwa wa Lianjiang karibu na Fuzhou mwaka 1541, alikuwa mwanajeshi kabla ya kuwa msomi. Wakati wake watu waliposoma mashairi ya kale na kukuta vina haviendani, walikuwa wakipindisha matamshi kwa nguvu ili vikubaliane. Chen Di alisema katika kitabu chake cha mwaka 1606 kwamba vina vile vilikuwa sahihi kwa waliovitunga. Ni sauti zilizobadilika, kwa sababu nyakati zinatofautiana kama mahali panavyotofautiana. Siamini kwamba ni bahati tu kuwa aliyeliona hilo alikulia mahali ambapo kila bonde lilimwonyesha.

Msamiati nao umebaki wa zamani. Vijiti vya kulia, kaskazini na sehemu kubwa ya kusini, vinaitwa kuaizi. Jina la kale lilikuwa zhu. Lu Rong, mwandishi wa karne ya 15, anaeleza kwamba mabaharia wa eneo la Wu waliliogopa jina hilo kwa sababu linasikika kama neno la kukwama, na chombo hakitakiwi kukwama, wakalibadilisha kwa neno la haraka. Mwiko wa mabaharia ukasambaa hadi kwenye meza za chakula za nchi nzima. Fujian haikuufuata: Zhangzhou mpaka leo ni ti, ambalo ni zhu ileile kwa matamshi ya kale zaidi. Kikaango cha chuma nacho wanakiita tiann, jina la chungu cha shaba chenye miguu mitatu ambacho kwingine kinaonekana makumbusho tu.

Kuhusu Guangzhou na Yiwu nitasema kidogo, maana ndugu zetu wa Kariakoo wanazijua kuliko mimi. Guangzhou ndiyo makao ya Kikantoni chenye toni sita, dhidi ya nne za Putonghua. Vituo vya treni za chini ya ardhi vinatangazwa kwa zote mbili. Lakini mwenye duka unayepatana naye bei huenda ametoka Chaozhou, ambako wanasema tawi la Minnan, na akimgeukia mwenzake kuulizana kama washushe, hata mkalimani wako mzaliwa wa Guangzhou haambulii. Yiwu iko ndani ya eneo la Kiwu, aina ya Jinhua, na ukishuka kusini kidogo unaingia nchi ya Wenzhou, ambayo Wachina wenyewe wameitungia msemo: siogopi mbingu, siogopi ardhi, namwogopa Mwenzhou akisema kwao. Usemi huo una toni nane. Leo unasikika pia Prato nchini Italia, kwenye viwanda vya nguo.

Wahakka wana simulizi yao. Jina lao maana yake ni wageni, na waliitwa hivyo na waliowakuta. Walishuka kutoka kaskazini kwa vipindi, ardhi nzuri za mabondeni zikiwa zimeshachukuliwa, wakalima milimani. Huko Yongding magharibi mwa Fujian wamo kati ya waliojenga zile nyumba kubwa za udongo za duara, ukoo mzima chini ya paa moja, ambazo UNESCO iliziingiza katika urithi wa dunia mwaka 2008. Kati ya 1855 na 1867 walipigana na wenyeji wa Guangdong vita vya kugombea ardhi vilivyoua maelfu kwa maelfu, na wengi wakapanda meli. Wachina wengi wa Mauritius, hapa Bahari ya Hindi, asili yao ni Wahakka. Wengine walielekea bara: ukienda Luodai, nje kidogo ya Chengdu, unakuta kisiwa cha Kihakka katikati ya bahari ya Kisichuan, na kimedumu tangu ule uhamiaji wa Qing. Wana usemi ambao kila mmoja wao atakutajia: bora kuuza shamba la mababu kuliko kusahau maneno ya mababu.

Ng'ambo, ramani ya China imejirudia kwa vipande. Penang na Manila ni Minnan, Bangkok na Phnom Penh ni Kichaozhou, Kuala Lumpur ni Kikantoni, na mtaa wa Wachina wa San Francisco ulianza na watu wa Taishan, wilaya moja ya Guangdong. Wanaonishangaza kuliko wote ni Wadungan wa Kyrgyzstan na Kazakhstan, Waislamu wa Kichina waliovuka milima ya Tian Shan wakikimbia mwishoni mwa miaka ya 1870. Lugha yao ni Kimandarini cha Gansu na Shaanxi, na wanaiandika kwa herufi za Kirusi. Wamechapisha magazeti na mashairi kwa herufi hizo bila kugusa hata herufi moja ya Kichina. Tangu niwajue Wadungan nimeacha kuikubali ile hoja kwamba Kichina ni kimoja kwa sababu maandishi ni mamoja. Maandishi yaliwaunganisha wasomi, tena kwa lugha ya kale ambayo hakuna aliyeisema nyumbani. Mama wa Fuzhou na mama wa Guangzhou hayakuwasaidia kuongea.

Serikali zililijua tatizo hilo siku zote. Mwaka 1728 Mfalme Yongzheng, akiwa amechoka kutowaelewa maofisa kutoka Fujian na Guangdong walipokuja mbele yake, aliamuru wafundishwe matamshi ya kiofisa, na shule zikafunguliwa kwa kazi hiyo. Hazikufua dafu. Mwaka 1913 jamhuri changa iliita mkutano Beijing, wajumbe wakapiga kura ya matamshi, herufi moja moja, zaidi ya 6,500. Ugomvi ulikuwa mkali. Inasimuliwa kwamba mjumbe mmoja wa kusini alitaja rikisho kwa usemi wa kwao, Wang Zhao wa kaskazini akasikia tusi, akamrukia kumpiga. Matokeo yalikuwa lugha ya maelewano ambayo hakuna mama yeyote aliyewahi kumbembelezea mtoto. Zhao Yuanren, mwanaisimu hodari kuliko wote wa kizazi chake, aliirekodi kwenye santuri, na baadaye alieleza kwamba kwa miaka mingi alikuwa msemaji wake pekee. Mwaka 1932 kamusi rasmi ikafuata matamshi ya Beijing. Zhao huyohuyo mwaka 1927 alizunguka sehemu 33 za nchi ya Kiwu akiandika usemi wa wenyeji. Alijenga lugha ya taifa na kuzihifadhi za vijijini kwa mikono ileile, na sioni kwa nini ishindikane leo.

Februari 1956 Beijing ilitoa agizo la kueneza Putonghua nchi nzima, na safari hii shule, redio na baadaye televisheni vilikuwapo. Siikebehi kazi hiyo. Mtoto wa kijiji cha Guizhou asiyejua Putonghua hapati chuo, hapati kazi Shenzhen, hamwelewi daktari. Mwaka 2000 waliokuwa wakiimudu walikuwa karibu asilimia 53. Mwaka 2020 wizara ya elimu ilitangaza asilimia 80.72. Kinachoniuma ni jinsi ilivyofundishwa mahali pengi kana kwamba nafasi kichwani ni moja. Taiwan chini ya utawala wa kijeshi, watoto walioteleza wakasema Minnan au Kihakka shuleni walivalishwa kibao shingoni. Wakenya wengi wanakijua kibao hicho kwa jina la monto. Singapore ilianza kampeni ya Kimandarini mwaka 1979, na filamu na vipindi vya Minnan na Kikantoni vikaondolewa hewani. Wajukuu wengi leo hawana lugha ya kuongea na bibi zao kwa kina.

Mahali pengine watu walikataa. Julai 2010, ilipopendekezwa kwamba televisheni ya Guangzhou ihamie Putonghua kwa ajili ya Michezo ya Asia ya mwaka ule, vijana kwa wazee walikusanyika barabarani kukitetea Kikantoni, na pendekezo likawekwa kando. Kikantoni kina Hong Kong nyuma yake, kina filamu, kina nyimbo, kina hata herufi zake za nyongeza. Yong'an haina. Mwaka 2015 serikali ilianzisha mradi mkubwa wa kurekodi lahaja wilaya kwa wilaya, wazee wakikaa mbele ya kamera na kutaja maneno elfu moja na zaidi. Ni kazi njema na naishukuru. Lakini mzee anayerekodiwa anamtazama fundi wa kamera. Mjukuu yuko nje na simu.

Rafiki yangu wa maabara, yule wa shairi, baba yake ni wa Anxi upande wa Quanzhou, na mama yake ni wa Zhangzhou. Wote wawili wanasema Minnan, lakini mtoto walimlea kwa Putonghua ili asije akachekwa shuleni. Bibi mzaa baba, a-ma, hajui kuandika, hivyo humtumia ujumbe wa sauti kwenye WeChat, na kwa kuwa programu inakata kwenye sekunde 60, a-ma hutuma minne au mitano mfululizo, kila mmoja ukikatika katikati ya neno. Niliwahi kukaa pembeni yake akiisikiliza. Alishusha kalamu, akaweka simu sikioni, akatabasamu, kisha akajibu kwa Putonghua. A-ma anaielewa kwa sababu ya televisheni. Nikamuuliza kwa nini asimjibu kwa Minnan. Akasema anaelewa kila kitu, ila akifungua mdomo maneno yanatoka ya kitoto, maana aliachia pale alipokuwa na miaka sita.

Nilimwelewa vizuri kuliko alivyodhani. Kwetu wapo watoto wa kaka yangu, waliozaliwa Dar es Salaam, wanaomjibu mama yetu vivyo hivyo.

Shairi la Liu Zongyuan rafiki yangu alikuwa amefundishwa na babu yake, na hicho ndicho kitu kirefu pekee alichoweza kukisema kwa Minnan bila kusita. Baada ya kunisomea alianza kumuuliza a-ma mambo. Aliunda kundi la ukoo kwenye WeChat, akaweka kanuni moja: humu ni sauti tu, na ni Minnan tu. Kila jioni anatupia kitu, picha ya chombo cha jikoni au ya mdudu, na wote wanataja. Wiki aliyoweka bakuli la uji wa wali, kundi liliwaka moto. Upande wa baba walisema be. Upande wa mama walisema muai na wakadai hao wengine wanameza nusu ya neno. A-ma akatuma sekunde 60 mara sita kuwajibu. Kisha akaingia shangazi wa mama yake rafiki yangu, anayeishi Penang, ambaye hajakanyaga Fujian tangu akiwa msichana, akatamka muai kwa nguvu zote, na upande wa Zhangzhou wakashangilia kama timu iliyofunga bao la ugenini. Mara ya mwisho nilipoongea na rafiki yangu, ubishi ulikuwa umehamia kwenye yai.